Mlingoti wa Goli Letu

Nilikuwa golikipa wa timu ya wasichana ya shule yetu, shule ya serikali pale Goma, upande wa Murara. Serikali ipi, sha? Mwaka ule ungeniuliza hivyo ningekujibu nini? Mji ulikuwa mikononi mwa waasi, prefe wetu, mkuu wa shule, alichukua amri kwao, na vyeti tulivisubiri kutoka Kinshasa. Halafu volkano nayo ikashuka.

Tuliporudi kutoka Gisenyi, tulikokimbilia ng'ambo ya mpaka, shule ilikuwa imesimama nusu. Kiwanja hakikuonekana kabisa, jiwe jeusi tupu, bado la moto. Na mashindano ya shule yalikuwa karibu: shule isiyo na kiwanja cha kupokea wageni inafutwa mashindanoni. Nilikuwa darasa la mwisho. Tukifutwa, mpira kwangu basi, kwa sababu nyumbani walikuwa wameshanitafutia mume.

Mwalimu wa jimu, yule wa michezo, akazunguka juu ya lava mpaka akaona chuma kimechomoza, kinamfika kichwani. "Mlingoti wetu wa goli huu hapa!" Tukapiga vigelegele kama wajinga. Kila mmoja akaleta nyundo kutoka kwao, tukavunja mawe, tukamwaga changarawe, tukasimika ubao uwe mlingoti wa pili. Soli za viatu zilinuka kuungua. Kila siku nilitundika sweta yangu kwenye kile chuma.

Asubuhi ya mechi akaja mama mmoja anasukuma chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, imejaa mbao. Akazishusha mbele ya goli langu. Watu wa Goma ndivyo tulivyo: nyumba ikimezwa, unajenga nyingine juu yake, palepale.

"Aksanti sana batoto," akasema. "Mumenitengenezea parsele yangu, fasi ya nyumba yangu."

"Mama, hiki ni kiwanja cha shule," mwalimu akamwambia. "Angalia mlingoti."

"Mlingoti gani, mwalimu? Hii ni antene yetu ya televizyo." Akakishika kile chuma. "Bwana yangu alirudiaka ndani ju ya kutosha televizyo, aitoe inje. Hakutoka."

Ee Mungu wangu! Niliitoa sweta yangu pale haraka. Wageni walikuwa tayari wanashuka kwenye lori. Mwalimu, mtu mzima, akapiga magoti. Yule mama akatutazama mmoja mmoja, akavuta mbao zake pembeni, akazikalia.

"Muchezee leo. Kesho najenga."

Mpira wa kwanza ulikuja upande wa antena, wa chini, mwepesi, hata mtoto angeudaka. Sikuruka. Ningetupaje mwili wangu juu ya baba wa watu aliyelala chini ya lile jiwe? Goli. Wenzangu wakanifokea, "Uko na akili kweli?" Wa pili ukaja palepale, na miguu ikakataa tena.

Mama akasimama juu ya mbao zake. Alikuwa na hasira, au alikuwa analia, sikuelewa.

"Weye golikipa! Ruka! Ule mwanaume alipendaka mpira kushinda mimi muke wake! Uko namuhurumia nini saa hii?"

Wa tatu ulipokuja, nikaruka. Niliudaka, nikaanguka kifudifudi, na jiwe chini ya kifua changu lilikuwa na joto. Nililala pale nimeukumbatia mpira, sijui kama nacheza au naomboleza. Refa akapuliza filimbi, akaniambia niinuke, nachelewesha mchezo.