Wimbo wa Mtoni

Zamani nilikuwa nikipalilia mahindi ya watu Kibomet, pale Kitale, na mama mwenye shamba alikuwa akituchomea mahindi mabichi, lakini hayo tuyaache. Ni huko Kitale nilimjua mtunzi wa muziki wa filamu na televisheni, jirani wa shamba hilo. Mwaka jana akanileta Bungoma nimpigie litungu, kinanda chetu cha nyuzi saba, kwa filamu ya kwanza kubwa aliyopewa kuitungia muziki.

Mwenye filamu akaniambia, "Mzee, tupigie ule wimbo wa kijana akitoka mtoni kwenda kutahiriwa. Tunauweka pale kwa harusi ya filamu."

Mimi Mbukusu mzima, wimbo wenyewe wa kwetu, nikashika nyuzi! Mtunzi, ambaye hata si wa kwetu, akanizuia mkono.

"Huo hauchezwi harusini, bana. Nitatunga mwingine, nipe siku mbili tu."

"Ati siku mbili? Weka huo, ama uache kazi."

"Bungoma nzima itatucheka."

"Si wacheke!"

Mtunzi alikuwa ameingoja kazi hiyo miaka. Akakunja nyaya zake za kurekodia polepole, akaniaga kwa heshima kama mtoto wangu, akatoka. Hakurudi tena.