Kibao cha Stesheni

Hebu mwone akija asubuhi, mzee aliyekuwa mshika bendera wa stesheni yetu pembezoni mwa Kisumu, kofia ya kaki kichwani, ndoo ya chokaa mkononi. Reli imemezwa na majani miaka mingi, lakini kila Jumatatu yeye huyapaka chokaa mawe ya jukwaa, na kabla ya kuvuka reli husimama akatazama kulia na kushoto. Vidole vimembabuka. Maneno yake ni machache. Juzi maofisa wa reli walisimamisha kibao cha historia, akakisoma: “Ilifungwa kwa kukosa abiria.”

Sauti ikampanda. “Kukosa abiria? Mama Lorine, wewe ulikosa kuja?”

“Ai, Baba! Nilikaa hapa siku tatu na vikapu,” akajibu muuza samaki. “Ngege wakaoza, treni haikuja.”

“Mzee, hicho ni kibao tu,” ofisa akasema.

“Kibao tu? Wajukuu wetu wasome kwamba sisi ndio tuliikataa treni?” Akachovya brashi, akayapaka yale maneno mpaka yakatoweka.

Wameapa kurudi na kibao kingine, maneno yale yale. Sasa niambie wewe: kati ya aliyengoja siku tatu na aliyeacha kuleta treni, nani aliifunga stesheni?