Mikungu Miwili ya Komunyo

Eustakia mwenyewe ndiye aliyekwenda mahakamani kuomba shamba lisiguswe. Mumewe alipofariki, shemeji yake Telesfori alianza kukata migomba upande wa bondeni, akidai ardhi ni ya ukoo. Mama huyo wa Murusagamba akafunga safari hadi Ngara mjini, hakimu akamsikiliza, amri ikasomwa: wadaawa wote wasiguse shamba wala mazao yake mpaka shauri la mirathi liishe. Akarudi na karatasi yenye mhuri, akaihifadhi ndani ya kitabu cha nyimbo. Usiku ule alilala fofofo, mara ya kwanza tangu matanga.

Miezi mitatu ikapita. Binti yake Ineza akawa anapokea komunyo ya kwanza, na wageni hawashibi maneno. Jumamosi asubuhi Eustakia akashika panga, akakata mikungu miwili ya ndizi katika shamba lile mchana kweupe, huku akiitikia shikamoo za wapita njia.

Jumatano mtendaji wa kijiji alifika na wito mkononi.

"Mama, unatakiwa ukaeleze kwa nini usifungwe. Umedharau amri ya mahakama."

"Telesfori kafanya nini tena?"

"Si Telesfori. Ni wewe."

Aliketi pale pale kizingitini. Aliusoma wito ule mara tatu, kila mara akilitafuta jina la shemeji yake mahali lilipoandikwa la kwake.

Mahakamani, hakimu alikuwa na picha aliyoleta Telesfori: Eustakia na panga, mkungu begani.

"Amri uliisoma?"

"Niliisoma, Mheshimiwa. Niliona wadaawa, nikajua ndio wanaonidhulumu."

"Mdaawa ni kila mwenye kesi, anayeshtaki na anayeshtakiwa. Wewe ndiye wa kwanza."

Kiswahili cha Eustakia kilikuwa cha shule na cha soko, na neno lile hakuwahi kukutana nalo kokote. Angeweza kukana. Hakukana.

"Nilikata. Tukapika, tukala na wageni. Shemeji naye alikula."

Hakimu akamgeukia Telesfori. "Ulikula?"

"Nilialikwa, Mheshimiwa."

"Picha ulikwisha kuipiga?"

Telesfori akatazama viatu vyake. "Nilikwisha."

Eustakia alimkodolea macho. Jumapili ile ya komunyo alimwongezea sahani ya pili kwa mkono wake mwenyewe.

Aliomba radhi. Hakimu akamwonya, akaamuru akae chini ya ulinzi hadi mahakama itakapofunga kazi ya siku hiyo. Telesfori akaambiwa kwamba anayekula mazao yaliyozuiwa huku akijua hana usafi wa kujivunia. Eustakia akakaa kwenye benchi kando ya askari wa kike hadi saa tisa.

Kikao kilichofuata alifika kabla ya karani. Amri mpya iliposomwa, alisimama.

"Mheshimiwa, naomba nielezwe neno moja moja."

Hakimu akarudi mstari wa kwanza, akaanza kumweleza.