Gauni Jeupe Lisilo na Mfuko

Kaka yangu alipokuwa fundi cherehani kwenye barabara ya nyuma ya soko, watu hawakumwita kwa jina lake. Walimwita Fundi Mfuko. Ukimpelekea kitambaa akushonee suruali, ulipewa suruali uliyoagiza, na juu yake ulipewa kitu ambacho hukuagiza: kimfuko cha siri, ndani ya kiuno, upande wa kushoto, cha kuingia vidole viwili tu. Kwenye gauni alikiweka ubavuni. Kwenye koti alikiweka karibu na kwapa. Hakukwambia kama kipo. Ulikigundua mwenyewe ukiwa unavaa, ukarudi dukani unacheka. Tarishi mmoja wa posta alikaa na koti lake miaka miwili ndipo akakiona, akaja mbio kumgombeza kaka kwa kumficha jambo muda wote ule. Kaka alicheka mpaka akashika meza asianguke.

Mimi nilikuwa namshonea vifungo na mapindo. Duka lilikuwa chumba kimoja. Cherehani yake nyeusi ya miguu ilikaa mlangoni ili apate mwanga, nami nilikaa nyuma yake, karibu na pasi ya mkaa. Redio ilikuwa juu ya kabati, imefungwa kwa mpira kwa sababu mfuniko wa betri ulipotea, na kaka alipenda kubishana na msoma habari kana kwamba mtu yule anamsikia. Binti yake wa miaka mitano alikaa chini ya meza ya kukatia, akichambua vipande vya vitambaa na kuvipa majina. Katika chumba kile sikuwahi kuchoka. Siku hizi nachoka nikipanda ngazi tatu.

Halafu ikaja ile siku. Kaka aligombana na mtu wa ghala la jirani juu ya marobota yaliyowekwa mbele ya mlango wetu. Ugomvi wa kijinga kabisa, tulishagombana vile mara kumi na kesho yake tukasalimiana. Safari hii kaka alimsukuma. Yule mtu akaanguka kwenye ngazi za ghala, akapiga kichwa, hakuamka tena. Sitamtetea kaka. Hata yeye hakujitetea. Alisimama mbele ya hakimu akasema ni kweli, nilimsukuma. Akapewa miaka ishirini, akakaa kumi na saba.

Mkewe alisubiri miaka minne kisha akaolewa kwingine. Zamani nilimlaumu kwa sauti kubwa, sasa simlaumu sana. Binti nilibaki naye mimi. Mara mbili kwa mwaka nilimchukua tukaenda kumwona baba yake nyuma ya wavu, mpaka alipofika miaka kumi akasema haendi tena. Alisema yule mtu analia kila akimwona, na yeye hajui amemkosea nini. Na mimi ni mtu wa hasira, nilimpigia kelele, lakini sikumlazimisha.

Duka nililing'ang'ania. Nilipunguza nguo za watu, nikabadilisha zipu, nikaendelea na vifungo vyangu, yote kwa mkono. Cherehani ya kaka sikuitumia. Kila mwezi nilifunua kitambaa chake, nikaitia mafuta, nikazungusha gurudumu kidogo, nikaifunika. Niliamini kwamba mlio ule ukirudi, na kila kitu kitarudi.

Mjinga mimi. Aliyerudi alikuwa mtu mwembamba mwenye mvi, anayekula akiwa amesimama na kumaliza kabla sijamimina chai. Kila asubuhi alikunja blanketi lake pande nne sawasawa, akakaa kando yake akisubiri, sijui akisubiri nini. Nikimwita akiwa amekaa, alisimama, mikono ubavuni, macho sakafuni.

Nilimwambia, "Kaka, mimi ni mdogo wako. Niliyekuwa nakuibia sukari. Hebu kaa."

Akakaa. Nikamwita tena, akasimama tena.

Nilimpeleka duka la nyuzi, nikidhani nampa raha. Zamani kaka angeweza kumaliza nusu siku pale, akilinganisha bluu mbili ambazo kwangu mimi ni bluu moja tu. Safari hii muuzaji alifungua droo moja, akafungua ya pili, ya tatu, rangi kwa rangi, na kaka akaanza kutoka jasho. Akatoka nje. Nilimkuta amegandamana na ukuta.

"Kule uzi ulikuwa mmoja," alisema. "Unaletewa, unashona."

Kwa maana huko ndani pia alikuwa fundi. Miaka yote kumi na saba alishona sare za wafungwa, saizi tatu: namba moja, namba mbili, namba tatu. Aliponiona nashangaa, alinieleza kwa utaratibu, na kwa mara ya kwanza tangu arudi uso wake ukapata uhai. Akanisimulia kuhusu meza yake iliyokuwa karibu na dirisha la juu, na mzee mmoja waliyemwita Kengele, aliyekaa kushoto kwake miaka tisa na kujua kukohoa kwa namna ya kuwachekesha wenzake kila askari anapopita. Alimkumbuka Kengele kwa upendo kabisa. Niliona wivu. Mimi nilikumbuka chumba chetu na redio, na yeye alikumbuka kule.

Wiki ya tatu, tukiwa tunakunywa chai, akaniambia, "Nimejipa mwezi mmoja. Nikishindwa kushona hapa nje, nitarudi getini kule gerezani niwaombe kazi yoyote, hata kufagia. Kule nilikuwa mtu."

Nilisimama kwa hasira nikamwaga chai yangu yote. "Na hapa wewe ni nini?"

Alichukua kitambaa akaanza kufuta meza, pembe kwa pembe.

Sasa huyo binti. Tuliishi naye nyumba moja, mimi na yeye chumbani, kaka sebuleni, na asubuhi alimpa baba yake shikamoo kwa adabu zote. Shikamoo peke yake. Baada ya hapo hakuongeza neno la kumwita. Akitaka chumvi iliyo mbele ya kaka, aliniomba mimi. Alikuwa amemaliza masomo ya uuguzi na Jumatatu alitakiwa kuanza kazi hospitalini, na wauguzi wapya huko huja na sare zao wenyewe. Akaja dukani na kitambaa cheupe.

"Shangazi, mwambie anishonee gauni la kazi."

Kaka alikuwa amekaa hatua mbili kutoka kwake.

"Mwambie mwenyewe," nikasema. "Ulimi unao, na tena mrefu."

Akageukia cherehani, maana kumtazama baba yake hakuweza. "Ni gauni la kazi. La kawaida tu."

Kaka akasimama. Futi ya kupimia ilikuwa inaning'inia kwenye msumari wake wa siku zote, lakini hakuigusa. Alimwangalia binti mara moja, haraka, akasema kwa sauti ya chini, "Namba mbili."

Hapo ndipo ningetakiwa kushtuka, lakini sikushtuka, kwa sababu alikaa kwenye cherehani na mlio ukaanza. Nilikuwa na shati la mtu mkononi, nikaliweka chini. Ulikuwa ni ule ule, na pale anapokata kona hukanyaga taratibu mara tatu kisha anaachia. Niliwasha redio ili tuwe kama zamani. Hakubishana na msoma habari, lakini sikujali. Kwa siku mbili nilikuwa na furaha ambayo hata leo naionea haya.

Jumamosi binti alilivaa nyuma ya pazia. Akatoka. Mishono ilikuwa minyoofu, hakuna fundi mjini ambaye angeikosoa. Lakini gauni halikuwa na kiuno, lilishuka moja kwa moja kutoka mabegani. Binti akapeleka mikono yake mapajani kutafuta mifuko, mikono ikateleza juu ya kitambaa. Akatafuta kifuani. Hakuna.

Akacheka kidogo, kicheko cha kutojua afanye nini. "Kalamu niiweke wapi? Na mkasi?" Kisha akajitazama kwenye kioo. "Hili ni la mfungwa."

Likamtoka tu, na papo hapo akajiziba mdomo. Kaka alikuwa ameshasimama, mikono ubavuni, macho sakafuni.

"Samahani, afande," alisema.

Alimwambia hivyo binti yake wa kumzaa. Binti alilivua gauni akaliacha mezani, akaondoka barabarani akilia. Kaka akalichukua, akalikunja pande nne. Akaifunika cherehani.

"Kesho nakwenda getini," alisema.

Kwa kawaida ningepiga kelele. Safari hii nikamuuliza jambo moja tu. "Mifuko, kaka. Wewe, mifuko umeisahau vipi?"

Akaniambia habari ambayo katika safari zangu zote za kwenye wavu hakuwahi kunigusia. Mwaka wa pili huko ndani alijishonea kimfuko cha siri kwenye shati, akaweka picha ya mtoto niliyompelekea. Sare za kule hazina mfuko, kuwa nao ni kosa. Walipokagua wakakiona. Picha ikachukuliwa. Wakamsimamisha mbele ya wenzake akafumua kile kimfuko uzi kwa uzi, kwa mkono wake mwenyewe, kisha wakamfungia peke yake siku ishirini na moja.

"Tangu hapo," alisema, "mkono ukifika mahali pa mfuko, unapita wenyewe. Siuambii."

Nililia, nisiseme uongo. Kisha nikaenda nyumbani, nikafungua sanduku langu la chuma, nikarudi na kigauni cha manjano. Ndicho cha mwisho alichomshonea mtoto. Alikuwa amekivaa siku baba yake alipochukuliwa, na baada ya siku ile alikataa kukivaa tena, nami sikukifua. Nikakiweka mezani.

"Ingiza kidole," nikamwambia.

Akatazama mlango. "Nani anakagua?"

"Mimi. Hapa mkaguzi ni mimi, na nimesema mfuko uwepo."

Alipapasa ubavu wa kigauni bila kuangalia, na vidole vikajua njia. Kiliingia kimoja tu. Kikatoka na kipande cha chaki ya bluu, chaki ya fundi, kimelika upande mmoja. Mimi mwenyewe sikujua kwamba kimo. Kaka akakigeuza mkononi, akakigeuza tena.

"Hii niliitafuta siku nzima," alisema. "Nikakusingizia wewe."

"Tena ulinitukana."

"Kumbe mwizi alikuwa chini ya meza." Na akacheka. Kilikuwa kicheko chembamba, chenye kutu, lakini alishika meza.

Jumapili asubuhi hakwenda getini. Binti alikuwa sebuleni, macho yamevimba, na kaka akasimama mbele yake na futi ya kupimia shingoni.

"Naomba nikupime," alisema.

Alishika futi yeye, namba nilizisoma mimi. Bega, kifua, kiuno, urefu. Alipofika kwenye mifuko alisimama, nikaona uso wake unaanza kujifunga. Kisha akauliza, "Kina kiwe kiasi gani?" Binti hakujua kusema ni kiasi gani. Akanyoosha kiganja chake, na kaka akakipima, kuanzia kwenye kifundo mpaka ncha ya kidole cha kati, taratibu sana. Mkono ule mara ya mwisho kuushika ulikuwa wa miaka mitano. Kisha tukafungua duka, siku ya mapumziko, na akafumua gauni lote akaanza upya.

Jumatatu binti alikwenda kazini na gauni lenye kiuno, mifuko miwili mapajani na mmoja kifuani. Saa kumi jioni akapitia dukani, viatu mkononi, miguu inamuuma. Akakaa chini ya meza ya kukatia, mtu mzima na muuguzi, magoti yamegusa kidevu. Akatoa kitu ubavuni, ndani ya gauni, mahali ambapo hapakuwa na mfuko wowote wa kuonekana, akakiweka kiganjani.

"Baba," alisema, "umenirudishia chaki niliyokuibia."

Kaka alikuwa ameinamia gurudumu. Aliendelea kuinama kwa muda mrefu kuliko kazi ilivyohitaji.

Habari za getini sijazisikia tena. Blanketi bado analikunja pande nne, na duka la nyuzi naingia mimi, nachagua rangi tatu namletea achague moja. Wateja wa zamani wameanza kurudi. Tarishi alifariki, lakini mwanawe alikuja na lile koti akataka apunguziwe, akaagiza kimfuko kisiguswe.

Ila nguo zake mwenyewe kaka alizishona bila mifuko. Ufunguo wa duka aliubeba mkononi kutwa nzima, mpaka ukamwachia alama kiganjani. Hatukumsema. Mwezi uliopita binti akachukua shati lake moja kwenye kamba na sindano yangu, akamshonea mfuko kifuani. Kushona hajui hata kidogo, ule mkono hakuurithi. Mfuko umekaa upande na mshono unarukaruka. Fundi Mfuko analivaa shati lile, na akiulizwa na wateja anasema hiyo ni mitindo mipya.

Juzi nilimwona amesimama mlangoni baada ya kufungua. Akauweka ufunguo mfukoni. Akautoa. Akatazama barabara, huku na huku, watu wakipita na shughuli zao, hakuna aliyemwangalia. Akaurudisha, akaufunika kwa kiganja, akabaki vile. Mimi nikainama juu ya vifungo vyangu, nikajifanya sijaona kitu.