Gunia la Nazi la Budhe Painem

Kila asubuhi, mkokoteni wa mboga ukisimama kwenye kona yetu, Budhe Painem, shangazi wa mtaa mzima, hununua kipande kimoja cha tempe ya soya na fungu la mchicha, kisha hurudi ndani. Ni mjane; chungu chake ni cha mtu mmoja. Kwa hiyo siku aliponunua gunia zima la nazi, mchuuzi alisahau hata kumrudishia chenji.

Bei ilikuwa imeshuka, naye alitaka kupika mafuta, basi. Mkokoteni ulipofika nyumba ya tatu, kwa maneno ya watu Budhe alikuwa na wageni. Ulipofika msikitini, alikuwa anaolewa. Kisimani wateka maji wakampatia na bwana harusi: Pak Sarju, mgane mfuga bata, aliyewahi kumzibia paa, na ambaye jana yake alikuwa amenyoa ndevu.

Kwetu harusi haisubiri mwaliko. Ukisikia, unabeba kisu na mchele, unakwenda kusaidia kupika. Ukichelewa utasemwa mpaka uzeeni. Kabla jua halijawa kali, jiko la Budhe lilikuwa limejaa wanawake, mama yangu mbele, mimi nyuma yake nikimenya vitunguu. Budhe alijaribu kueleza habari ya mafuta. Jirani yake, Yu Tukinah, hakumpa nafasi.

"Bibi harusi hunyamaza, Budhe. Kaa upakwe manjano."

Kuwafukuza ilikuwa aibu. Kuwaacha wapike, halafu bwana harusi asionekane, ilikuwa aibu ya kuhama mtaa.

Hapo Pak Sarju akatokea uani, bata wawili kwapani, uso umemshuka. Alisema amesikia kuna harusi, ameleta mchango wake. Kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Anaolewa na nani?"

Visu vyote vilisimama.

"Na wewe, Pak Sarju," Yu Tukinah akamjibu. "Tena umechelewa."

Nilidhani atakimbia. Aliyekimbia ni bata mmoja. Mwenyewe alibaki palepale akijipapasa kichwa, akasema kama mambo ndiyo hayo, yeye hana neno, ila mwenye nyumba hajasema. Jiko zima likamgeukia Budhe. Nilikuwa karibu naye, machozi ya vitunguu yakinichuruzika. Nikamnong'oneza, "Budhe, wewe mwenyewe unamtaka?"

"Namtaka," akasema. "Nilikuwa naona haya tu."