Mkono wa Verlin Kostka

Verlin Kostka alikuwa mkubwa tangu tumboni, na mama yake hakuacha kumkumbusha. Kwao Kewaunee, Wisconsin, mtoto mkubwa hapumziki: alfajiri yuko zizini na baba yake wakikamua ng'ombe, jioni yuko uwanjani akisukumana na wenziwe. Alipomaliza shule hapakuwa na mlango pale kijijini anaoupita bila kugeuka ubavu. Chuo kikamchukua, na baada ya chuo akachukuliwa na timu ya kulipwa, Mabaharia wa Toledo.

Kazi yake katika futiboli ya Kimarekani ilikuwa moja tu: kumkinga mrushaji wa mpira upande wa kushoto, ule asiouona. Wanaomkinga ni watano, nao huitwa ukuta. Ukuta haushiki mpira wala haupigwi picha. Mtu wa ukuta hutajwa redioni siku aliyopitwa na mrushaji akaangushwa chali; siku nyingine zote ni kama hayupo duniani. Watu wengine wangenuna, lakini Verlin aliipenda kazi hiyo kama ilivyo. Alikula hata asipokuwa na njaa, maana ukipungua unasukumwa, na vidole viwili vya mkono wa kulia vilipinda na kukataa kunyooka. Misimu kumi na moja hakuhama timu. Kewaunee wakaitundika jezi yake baa, kwenye ukumbi wa parokia, na hata kwa daktari wa mifugo.

Kulia kwake, bega kwa bega, alisimama Gus Ohnstad, Mnorwe wa Dakota ya Kaskazini mwenye mdomo usio na breki. Safarini walilala chumba kimoja, na Gus alikoroma kama trekta bovu. Gus ndiye aliyeigundua ila ya Verlin. Kila mara kabla mpira haujaanzishwa, watu wa ukuta huinama, mkono mmoja chini kwenye majani. Ikiwa wenzao watakimbia na mpira, Verlin aliuegemea ule mkono kwa uzito wote hadi vifundo vikawa vyeupe. Ikiwa mpira utarushwa, naye anatakiwa kurudi nyuma upesi, mkono ulitua mwepesi na vidole vikabaki vyekundu. Adui akiyajua hayo, anajua kinachokuja kabla hakijaja. Basi kila Verlin alipojisahau, Gus alimpa teke dogo la kisigino.

"Mkono, we ng'ombe!"

"Nimesikia, mke mwenza!"

Wawili hao waliifukia siri hiyo kati yao. Hata kocha wa ukuta, Walt Dreesen, hawakumwambia, ingawa Verlin hakuwa na mtu wa kumficha lolote kama huyo mzee. Walt ndiye aliyemwona chuoni wakati wengine wanasema miguu yake mizito. Alimwita mwanangu, na alikuwa baba wa ubatizo wa binti yake, Tess.

Gus alipoanza kuzeeka, Toledo wakamwacha, na Omaha wakamchukua awe wa akiba. Walilia siku ile, wanaume wawili wenye shingo kama magogo, wamekumbatiana kwenye maegesho ya magari. Msimu uliofuata ratiba ikatoka: Toledo dhidi ya Omaha.

Sasa, watu wa ukuta wana mwiko wao. Wiki ya mechi, rafiki aliye upande wa pili ni maiti. Humpigii, hupokei simu yake, husomi ujumbe wake. Mtakumbatiana baada ya filimbi ya mwisho. Ukiuvunja mwiko huo, kote uliko na ulikotoka hutaaminiwa tena. Jumanne ya wiki ile simu ya Verlin ikalia wakati wa chakula. Ilikuwa ya Gus.

"Pokea basi," mkewe Marlys alisema. "Huenda kuna msiba."

"Wiki ya mechi, Marlys."

Ikakatika, ikalia tena. Verlin akacheka. "Anataka kunichokoza tu, mshenzi huyu." Akaigeuza kifudifudi mezani, akaendelea na viazi vyake.

Mechi ilikuwa msiba kweli. Upande wa Omaha kulikuwa na kijana mmoja, Kendrick Boles, mwepesi lakini si wa ajabu. Verlin aliwahi kumzuia bila kutoka jasho. Siku ile kila mpira ulipotakiwa kurushwa, Boles alikuwa keshaondoka Verlin akiwa bado ameinama. Alimpita kushoto, alimpita kulia, na mara moja alimruka. Watu wa Toledo walianza kwa kunung'unika, wakaishia kuzomea. Kabla ya robo ya mwisho Boles akamwangukia mrushaji wao, Reece, na mtulinga wa kijana wa watu ukavunjika kwa mlio ambao ukuta mzima uliusikia.

Boles akampa Verlin mkono kumwinua. "Pole, mzee," alisema, wala hakuwa na ubaya. "Ila huo mkono wako unaropoka kuliko shangazi yangu."

Verlin akageuka kulitazama benchi la Omaha. Duniani ni mtu mmoja aliyeijua siri ya mkono wake, na mtu huyo alikuwa amesimama kule ng'ambo, ndani ya koti la Omaha, ameinamisha kichwa. Filimbi ya mwisho ilipolia Gus alimjia akiwa amefungua mikono. Verlin akamtemea mate miguuni. Waandishi walipomzunguka akiwa bado na nyasi kwenye ndevu, hakupima maneno.

"Muulizeni Gus Ohnstad. Nimekula naye, nimelala naye chumba kimoja, mwanangu kamwita baba mdogo. Kaniuza!"

Kauli hiyo ikarushwa nchi nzima. Kwenye chumba cha kubadilishia nguo, Kocha Walt alimkumbatia mbele ya wote, akamshika kisogo kama mtoto. "Lia tu, mwanangu," alisema. "Kikulacho ki nguoni mwako."

Jumapili iliyofuata Verlin akawekwa benchi, na nafasi yake akapewa kijana ambaye wakubwa wa timu walikuwa wamemchagua kwa mbwembwe nyingi. Hakuna aliyelalamika. Watu si walijionea wenyewe? Majira ya kuchipua yalipofika Toledo wakamwacha, na Verlin akarudi kwenye ng'ombe.

Gus hakujitetea hata kwa neno moja. Waandishi walimfuata hadi dukani, akawapa tabasamu na mgongo. Baa moja ya Toledo iliichoma moto jezi yake ya zamani huku watu wakiimba, na watoto wake wakaitwa watoto wa Yuda shuleni. "Angekuwa hana hatia angesema," Verlin alimwambia Marlys. Krismasi ya msimu uleule mke wa Gus alituma zile chapati zao za viazi za Kinorwe, kama kila mwaka. Verlin akawamwagia mbwa.

Julai, parokia ya Kewaunee ikampikia buya ya kumpongeza kwa kustaafu. Buya haipikwi kwa ajili ya mtu mmoja. Ni supu nzito ya kuku, ng'ombe na mboga za kijiji kizima, kwenye masufuria ambayo mtoto anaweza kuogelea ndani yake, na hukorogwa kwa makasia tangu alfajiri. Mwenye sherehe hukoroga pia, hapewi cheo. Kocha Walt na mkewe Noreen walikuja kutoka Toledo na keki. Noreen akamsogelea Verlin pale kwenye moshi, akambusu shavuni.

"Na Gus yuko wapi?" aliuliza. "Nilidhani mmeshapatana."

"Msaliti atakuja kufanya nini hapa, mama?"

"Msaliti?" Noreen alicheka kwanza, akidhani ni utani wao. "Si alipiga simu kwetu ile Alhamisi kabla ya mechi? Mimi ndiye niliyepokea. Mtoto wa watu sauti inamtetemeka! 'Mama Noreen, Verlin hapokei. Omaha wameuona mkono wake kwenye video, wameuona wenyewe, mimi sijafungua mdomo. Mzee amwambie abadilishe.' Nikampa Walt simu palepale mezani." Akamtazama Verlin usoni, na kicheko kikamwisha. "Si alikuambia, mwanangu? Walt si alikuambia?"

Kasia likasimama.

"Koroga, Verlin!" mzee mmoja alifoka kutoka sufuria ya pili. "Inashika chini hiyo!"

Verlin alimkuta Walt nyuma ya ukumbi, bia mkononi, akiwatazama ndama wa jirani.

"Mzee. Gus alikupigia simu?"

Walt hakuuliza simu gani. Angalau hilo hakumfanyia. "Alipiga," alisema.

"Na ukanyamaza."

"Ningekuambia ungerekebisha. Nakujua mimi. Ungerekebisha kwa mchana mmoja, ukacheza misimu mingine miwili, na yule kijana wao angeozea benchi. Wakubwa walishaniambia: Kostka atoke, au utoke wewe. Wakikutoa hivihivi, mji mzima ungewaka moto. Ilibidi watu waone wenyewe kwamba umekwisha."

"Reece alivunjika mtulinga, mzee!"

"Lile sikulitarajia. Linaniuma mpaka leo."

"Na Gus je? Nimemtukana mbele ya dunia nzima, na wewe umenishika kisogo ukaniambia nilie!"

"Gus angesema nini? Mtu wa Omaha kawaonya Toledo wiki ya mechi? Wangemfukuza jioni ileile. Nilijua hatasema." Walt akanywa bia yake. "Nina miaka sitini na minne, Verlin. Ningekwenda wapi?"

Goti la Verlin lilipasuliwa mara tatu, bega mara mbili, na hakuwahi kuumia kama alivyoumia pale, chini ya jua zuri, mbele ya mzee aliyempenda. Alitamani amnyanyue kwa kola akamtumbukize kwenye buya. Ngumi zilikuwa zimekwisha kukunjika Tess alipotokea mbio pembeni ya ukumbi na kumrukia Walt shingoni. "Babu Walt! Twende, wanakuita ukahutubu!" Walt akambeba, akaondoka naye bila kugeuka. Asante ya punda ni mateke, lakini punda angalau hakukumbatii kwanza.

Verlin akaenda kusimama kati ya magari, akapiga namba ambayo hakuwahi kuifuta.

"Gus. Ni mimi."

"Nani amekufa?"

"Noreen kaniambia yote."

Gus alivuta pumzi. "Nani mwingine anajua?"

"Mimi, Noreen na yule shetani mwenyewe. Sasa hivi napanda pale juu nawaambia watu wote."

"Hupandi."

"Gus, wamechoma jezi yako!"

"Wamechoma nguo. Nisikilize, kaka. Mimi mguu umekufa, sichezi tena. Omaha wamenipa kazi ya kufundisha ukuta, naanza mwezi ujao. Wakisikia nilipiga simu ile, kazi sina, na hakuna timu nchi hii itakayonifungulia geti. Acha nibaki msaliti wako. Nimeshazoea."

Verlin alikuwa analia, mtu mzima, ameegemea gari la padri. "Nisamehe, ndugu yangu."

"Nilikusamehe siku ileile uliponitemea mate. Ila viatu vilikuwa vipya, bwana."

Jukwaani maikrofoni ilipiga kelele, kisha sauti ya Walt ikajaa uwanja wote wa kanisa. Ilikuwa sauti nzuri, ya mtu aliyezoea kuaminiwa. Alieleza jinsi alivyomwona Verlin chuoni, na jinsi mtu wa ukuta anavyosimamia mwenzake hadi mwisho. Wanawake walifuta macho. "Huyu hakumtupa mwenzie hata siku moja," Walt alisema. "Hakuwa kama wengine. Tunawajua, wale waliowauza ndugu zao kwa Omaha."

Watu wakazomea kwa furaha. Mmoja akalitaja jina la Gus na tusi, na kicheko kikapita meza hadi meza. Kisha vichwa vyote vikageuka kumtafuta mwenye sherehe, vikamwona pale kati ya magari, simu sikioni.

"Huyo ni Walt?" Gus aliuliza.

"Ndiye."

"Wanakutazama?"

"Wote."

"Basi piga makofi, Verlin."

Verlin akaitia simu kwenye mfuko wa shati bila kuikata. Akapiga makofi kwa ile mikono yake mikubwa, akapiga mpaka Walt akashuka jukwaani, na Gus akisikia.