Mume Wangu Alinitembeza Kulekule Alikomtembeza Mdogo Wangu

Admin, nifichie jina. Na wewe wa Kariakoo utakayenitambua, nakuomba uninyamazie, maana hata kuandika hapa nimejikaza.

Nina miaka 44, mama wa watoto watatu, mtu wa Kilimanjaro. Mimi na baba watoto tunauza vitambaa vya mapazia kwa jumla huku karibu na Msimbazi. Tumetimiza miaka ishirini ya ndoa. Nina mdogo wangu wa mwisho, nitamwita Rehema ingawa si jina lake. Baba yetu alipofariki nilimsomesha mimi mpaka chuo, na alipomaliza akaja kuishi kwangu na kutusaidia dukani. Sasa ana miaka 29 na mwezi ujao anaolewa. Mchumba wake ni kijana mstaarabu, fundi umeme bandarini.

Mume wangu huwa anakwenda Uturuki kufuata mzigo. Safari hii akaniambia, "Mama watoto, hujawahi kupumzika. Tukimaliza mzigo nakupeleka Romania siku tatu, tuwe na gari letu na dereva wetu, ukaone makasri ya wafalme na milima." Nililia kwa furaha. Rehema ndiye aliyenipangia begi. Akaniazima na koti lake zito, akasema, "Dada, kule juu kuna baridi, usidharau."

Sikujiuliza amejuaje.

Dereva alikuwa mzee mpole. Alipotupokea tu uwanja wa ndege alimkumbatia mume wangu na kumwambia kwa Kiingereza, "Rafiki yangu, umerudi!" Mume wangu akacheka, akanigeukia: "Wazungu bwana, wanatuona Waafrika wote sura moja." Yule mzee akanitazama, akashusha macho, akapakia mabegi. Siku nzima ile hakumchangamkia tena. Tulipanda kwenye kasri lililo juu ya mwamba, ngazi nyembamba, kuta nene kama za gereza, na mimi napiga picha kama mtoto. Nilikuwa na furaha, jamani. Nawaambia ukweli.

Siku ya pili tukafika mji mmoja wa kale, njia zote za mawe, nyumba zimepakwa rangi ya manjano na waridi. Tukalala kwenye nyumba ya wageni ya bibi mmoja. Asubuhi yule bibi akatuletea chai, akamwekea mume wangu tangawizi bila kuulizwa. Mume wangu bila tangawizi hanywi chai. Nikasema labda bahati. Nikaenda kunawa mikono, na kwenye ukuta wa korido bibi amebandika picha za wageni wake. Nikawa naziangalia tu kupitisha muda.

Nikamwona Rehema. Amevaa lile koti nililokuwa nimevaa mimi. Mume wangu amemshika kiuno, kidevu chake kiko juu ya kichwa cha mdogo wangu.

Chini ya picha waliandika mwezi na mwaka. Ni mwezi ule ule, mwaka jana, mama yetu alipofanyiwa upasuaji. Mimi nililala hospitali Moshi siku kumi, chini, kwenye kanga. Rehema alinipigia akisema yuko semina Dodoma, hawamruhusu kutoka. Mume wangu alisema yuko Uturuki, mzigo umekwama.

Niliibandua ile picha, nikarudi nayo mezani, nikaiweka kando ya kikombe chake. Hakukana. Akasema maneno ambayo mpaka leo yananichoma kuliko picha yenyewe: "Roho ilinisuta. Nikasema na wewe nikulete, ili muwe sawa. Sikujua kampuni ya utalii itatuleta nyumba hii hii."

Tuwe sawa! Kama watoto wanaogawiwa pipi.

Siku ya tatu ilikuwa ya milima. Nilikaa kiti cha nyuma. Barabara inajikunja, theluji iko juu, na mimi niliyezaliwa chini ya mlima sikuweza hata kuinua macho. Dereva alisimamisha gari, akanifungulia mlango nipate hewa, akasema polepole, "Nisamehe, mama." Yeye ndiye peke yake aliyeniomba msamaha safari nzima.

Tuliporudi Dar, Rehema alinirukia shingoni. "Dada! Nionyeshe picha!" Akawa anauliza, "Hapa ni wapi? Na hapa?" Nikamwacha aulize mpaka mwisho. Kesho yake, tukiwa wawili nyuma ya majora ya vitambaa, nikamwambia nilichokiona. Akapiga magoti. "Dada, ilikuwa kabla sijampata mwenzangu. Ilikwisha. Nimetubu." Nikamwambia lazima mchumba wake ajue, na mama pia. Machozi yakakauka palepale. Akasimama, akajifuta magoti. "Mama ana presha. Ukimwambia akafa, utakuwa umemuua wewe, si mimi."

Mume wangu naye analala sebuleni, ananiambia tusiaibishe familia, tumwozeshe kwanza, mengine tutayazungumza.

Juzi yule kijana alikuja dukani. "Shikamoo dada." Nikaitikia marahaba. Akasema, "Nimekuja kukushukuru. Watu wananiambia umemlea Rehema kama mwanao, na mimi nataka mke aliyelelewa na mtu kama wewe." Nilishindwa kumtazama. Nikajifanya natafuta mkasi.

Kwenye send-off mimi ndiye ninayetakiwa kusimama mbele ya ukoo wote, nimshike mkono mdogo wangu na kumkabidhi kwa kina mama wa upande wa mume. Mama ameshashona nguo, kila siku ananipigia kuniuliza kama inafanana na yangu.

Nikinyamaza, ninamkabidhi mtoto wa watu uongo. Nikisema, huenda ninamzika mama yangu. Na ndoa yangu sijui hata niishike wapi. Ninyi mliolelewa na dada, na ninyi mliolea wadogo zenu, nipeni neno: nimkabidhi, au niseme?